Chumvi ya Jumamosi

...na siagi ikinyamaza ndipo utie kitunguu saumu, si kabla, hilo siku hizi analijua kwa masikio, siagi kwanza inachachamaa ikitoa maji yake, kisha inatulia kama mtu aliyechoka kulalamika, kwa hiyo Bi Ulimi aliinama juu ya kikaango akasikiliza, maana kunusa hakuwezi, harufu ya siagi imebaki kuwa kitu anachokikumbuka tu, na nyuma yake bosi amesimama ameegemea jokofu anaongea, anaongea tangu alipoingia, kwamba wateja wa siku hizi hawataki vitu vizito, wameona mahali asparagasi, ile mboga ya vijiti vya kijani, yenye sosi nyepesi na wanaitaka, nyepesi lakini yenye ladha, unanielewa, ladha iwepo, naye akajibu ndiyo bosi, ladha itakuwepo, ulimi wake ukiwa mdomoni kama kipande cha sponji, ndiyo bosi, huku anamenya punje ya tatu ya kitunguu saumu ambayo hata haikuhitajika. Ng'ambo ya meza wifi yake anavunja asparagasi. Anashika huku na huku, anakunja taratibu mpaka ukijiti uvunjike pale unapotaka wenyewe kuvunjika, tak, sehemu laini kwenye bakuli, kitako kigumu kwenye ndoo ya supu, tak, na kila tak inamfikia Bi Ulimi kifuani, kwa sababu huyu ni dada wa mume wake, yeye mwenyewe ndiye aliyemleta kwenye jiko hili kiwanda cha nguo kilipofungwa na mwenzake akabaki na mabinti wawili na cherehani isiyo na wateja, yeye ndiye aliyemwambia bosi nina wifi yangu, ana mikono mizuri, na leo ni siku yake ya mwisho, bosi amemwachisha, akimaliza asparagasi hizi na vyombo vya mchana atavua aproni ataikunja ataondoka, kwa ajili ya chumvi. Chumvi ya Jumamosi. Chumvi ambayo hakuitia yeye. Usifikirie hilo sasa, maji yanachemka, weka asparagasi, dakika tatu, zisizidi, zikizidi zinalegea na rangi inakufa, akazichota kwa mikono miwili akazitosa, zikageuka kijani kikali hapo hapo, macho angalau bado anayo, macho na masikio na vidole, siku hizi anapika kama fundi saa, kwa kuhesabu, chumvi ya vidole vitatu mara mbili kwa sufuria ndogo, mara tano kwa kubwa, limau nusu, pilipili manga mizunguko minne ya kinu, na hakuna aliyegundua, miezi miwili hakuna aliyegundua... isipokuwa mmoja.

Yalikuwa mafua tu. Siku tatu kitandani, homa ikashuka, pua ikafunguka, akaamka akanywa chai ikawa maji ya moto, akasema ni ugonjwa unamalizikia, kesho. Kesho kitunguu kikawa kama kutafuna karatasi iliyoloa. Wiki ya pili alikunywa nusu gilasi ya maziwa jikoni kwake na mume wake akauliza tangu mlangoni, mama watoto, maziwa haya yameganda, unayanywaje, naye akacheka, alicheka kweli, akasema ni mawazo ya kazini, akayamwaga, na usiku mzima tumbo likamsokota, bado hakusema. Daktari alimwendea kwa siri, mtaa wa mbali, akaambiwa asubiri, huenda ladha ikarudi, huenda ikachukua mwaka, na hakumwambia daktari kazi yake ni nini, alipotaka kulitaja jina la kazi lilimkwama, akadai anauza vitambaa... hata kwa daktari. Kwa sababu angesemaje? Miaka ishirini na miwili wanamwita Bi Ulimi, jina lake la nyumbani hapa halijui mtu, lilianza siku alipoonja supu akasema hii ametia chumvi yule wa zamu ya asubuhi kamalizia huyu, na ikawa kweli, na bosi tangu hapo akiwa na wageni wakubwa huwaleta mpaka dirisha la jikoni, yule pale, yule ana ulimi. Nani atamwajiri Ulimi asiye na ulimi? "...na ikiwezekana haradali kidogo," bosi alikuwa anasema, "wengine huweka haradali, au unaonaje wewe mwenyewe?" akasema kidogo tu bosi, isifunike, akachukua kijiko cha haradali, haradali iliyokuwa ikimpanda puani mpaka machozi yamtoke, akaikoroga kwenye siagi kama anakoroga rangi ya ukuta.

Na si kuhesabu peke yake. Hilo ndilo asiloweza kulitazama vizuri. Alikuwa anamtumia wifi yake. Hebu onja hii wifi, ujifunze, anampa kijiko kwa sauti ya mwalimu, kisha anamtazama usoni, nyusi zikipanda kidogo kuna uchachu, midomo ikikazana chumvi imezidi, akimeza akatulia basi ni tamu, na yeye anatikisa kichwa kama aliyekwisha kujua, umeona eh, umesikia ile ndimu inavyokuja mwishoni, miezi miwili amekula kwa kinywa cha mwenzake bila kusema ahsante, na mwenzake sijui lini alifahamu, wiki ya kwanza labda, kwa kuwa alianza kuonja bila kuombwa na kusema kwa sauti ndogo, kama anajisemea, hii inataka limau, hii iko sawa, akimpitishia bila kumuaibisha. Halafu ikaja Jumamosi. Watu sitini, wanamuaga mwalimu mkuu aliyestaafu, sosi ya samaki kwenye sufuria kubwa, vidole vitatu mara tano, yuko kwenye mara ya nne au ya tatu mhudumu akaingia kuuliza sahani za watoto zitoke kwanza au vipi, akamjibu, akarudi, akaanza upya. Alijua kwamba ameanza upya. Hapo ndipo pabaya, mkono ulisita juu ya sufuria, alijua hajui, angeweza kuuliza. Wifi akaonja. Akasogea karibu kabisa akasema wifi, chumvi imezidi. Na walikuwepo wahudumu wawili na muosha vyombo, na yeye, badala ya kushukuru, akapaza sauti, hapa anayeitwa Ulimi ni nani, mimi au wewe, jiko zima likacheka, na wifi akacheka pia, kicheko cha mtu anayepokea kofi mbele za watu. Sahani zikarudi. Samaki hawajaguswa, alama ya uma mmoja mmoja tu. Bosi akaingia, hakugomba, angegomba ingekuwa nafuu, aliuliza tu nani ametia chumvi, na mdomo wa Bi Ulimi ukafunguka kabla yeye hajaamua lolote, aliusikia kama mdomo wa mtu mwingine: wifi yangu bosi, bado anajifunza. Na wifi akafuta mikono kwenye aproni, polepole, kidole kimoja kimoja, akasema, nisamehe bosi.

Nisamehe bosi... dakika tatu, dakika tatu zimefika, akazitoa asparagasi akazitumbukiza kwenye maji ya barafu, mikono ikamuuma kwa baridi akaiacha humo humo, acha iume. Jumapili ilikuwa mbaya kuliko Jumamosi. Mume wake alimpigia dada yake simu kutoka sebuleni, naye yupo chumbani anakunja nguo, anasikia kila neno, mwenzako amekutafutia kazi wewe unamwaibisha mbele ya tajiri wake, mtu mzima unashindwa hata kuonja, hebu fikiria ingekuwa mama yuko hai angesemaje, na akawa anasubiri, sasa wifi atamwambia, sasa atasema kaka ukweli ni huu, alikunja shati lile lile mara tatu akisubiri, lakini mume wake alimaliza, akaja mlangoni akasema ameomba radhi, nimemwambia akuombe na wewe. Na akasema sawa. Akasema asimsumbue, yamekwisha. Alijifanya mwenye huruma! Yeye. Akasamehe kosa lake mwenyewe kwa jina la mwingine, na mume wake akamshika bega akamwambia una moyo wewe... Kwa nini wifi hakusema, hilo amelizungusha kichwani siku tatu, ni woga, ni heshima, au anamhurumia, na akifika kwenye kuhurumiwa anahisi mwili mzima unawaka kuanzia shingoni, heri angechukiwa, mtu anayekuchukia mnaweza kulingana. "Muda unakwenda," bosi akasema, "ngoja tuone hiyo sosi," na yeye akatia limau nusu, akatia vijiko viwili vya maji yale ya asparagasi, akapiga kwa uma haraka haraka mpaka ikashikana, ikang'aa, ikawa ya manjano hafifu, nzuri, kwa macho ni nzuri mno, akapanga asparagasi tano kwenye sahani akazimwagia katikati. Bosi akafungua droo akatoa kijiko safi akampa yeye. "Onja wewe kwanza."

Hiki ni kitu anachokijua. Anakifanya kila siku, ni kama kuvaa viatu, unafumba macho, unaacha kitu kikae juu ya ulimi kidogo, unavuta hewa, unasema iko sawa. Akafumba macho. Uvuguvugu, utelezi, basi, kama kulamba kioo cha dirisha. Akavuta hewa aseme. Na akasikia, chini kabisa, chini ya mlio wa jokofu, sauti ya wifi yake ambaye hakuinua hata kichwa, anavunja kijiti kingine huku anasema, "Chumvi hujatia," na kopo la chumvi likasogezwa juu ya meza kwa kiwiko, polepole, likaja mpaka likagusa mkono wake. Hajatia. Kweli hajatia, vidole vitatu mara mbili, hakuhesabu hata moja, akilini alikuwa bado Jumapili anakunja shati. Na bosi hakusikia. Kila kitu kilikuwa tayari, atie, akoroge, aonje tena, aseme sasa iko sawa, na mchana mwenzake avue aproni. Alitazama ile mikono, ina mikato midogo ya kazi, kidole gumba kimebaki na kovu la sindano ya cherehani, mikono inayofukuzwa kwa ajili ya chumvi ndiyo imemletea chumvi, na kitu kilichokuwa kimekaza kwake tangu Jumamosi hakikulegea, hapana, kilipasuka, na aibu aliyokuwa ameificha ikapanda yote usoni waziwazi, akaiacha ipande.

"Vipi?" bosi akauliza.

"Bosi, mimi sisikii ladha," akasema, na sauti ilitoka ndogo kuliko alivyotaka. "Tangu yale mafua. Sinusi, sionji. Ya Jumamosi nilitia mimi, mara mbili, na huyu alinionya nikamcheka mbele za watu. Halafu nikamsingizia."

Bosi alimtazama yeye, akamtazama yule mwingine, akauliza kwa nini hakusema, naye alikuwa na maneno mengi, miaka ishirini na miwili, dirisha, wageni, lakini yote yalipofika mdomoni yakawa neno moja, aibu. Bosi akajikuna kidevu. Akasema watazungumza wateja wakishakula, na hakusema watazungumza nini, akamwambia wifi aproni hiyo usiivue, akatoka, mlango ukapepea nyuma yake mara mbili ukatulia. Wakabaki wawili na jokofu. Akatamani mwenzake amtukane, alikuwa tayari, alisimama kama anayesubiri sindano. "Kaka anajua?" wifi akauliza. Akasema bado. Akasema, "Leo. Nikifika tu, kabla sijakaa." Wifi hakusema yamekwisha, hakutabasamu, alivunja vijiti vitatu vilivyobaki mpaka bakuli likajaa, akasukuma ndoo kwa mguu, akafuta mikono, kidole kimoja kimoja. "Nitakuonjea kwa ajili ya wateja," akasema. "Si kwa ajili yako. Yale yako na mimi bado." Na Bi Ulimi akasema ndiyo wifi, akatia chumvi vidole vitatu mara moja, akasita, akatia ya pili, akakoroga, akampa kijiko, safari hii bila sauti ya mwalimu, kwa mikono miwili kama anayempa mkubwa wake, na mwenzake akafumba macho, akaacha kitu kikae juu ya ulimi, na hakuharakisha, nyusi hazikupanda wala midomo haikukazana, alikuwa anaonja tu, anachukua muda wake wote, na Bi Ulimi amesimama mbele yake na uso unaowaka, hajui chochote, anasubiri kuambiwa.