Hapana ya Shangazi Elva

Shangazi Elva alikuja kwenye banda la skuta Jumatano asubuhi, fimbo mkono mmoja, kikombe cha chai mkono wa pili, akaniuliza kama kuna hata moja yenye kiti. Nikamwambia zipo mbili, za wageni wenye umri mkubwa.

"Basi nifundishe," akasema.

Nilidhani ananitania. Tangu skuta zile za umeme ziletwe Wirrapanta, kijiji chetu katika jangwa la Australia, miaka miwili nyuma, hajawahi kuzipita bila kuzirushia neno. Alikuwa akiziita mbuzi wa Rodney, mwenye kampuni. Akituona tunapita na wageni kwa mstari, wamesimama wima juu ya mashine na helmeti zao za njano, huwauliza wanawake wenzake kwa sauti ya juu kama watu hawa kwao hawana miguu. Lakini siku ile uso wake haukuwa na mzaha, na sababu niliijua, kwa kuwa mimi ndiye niliyempelekea habari jioni iliyotangulia.

Jabali letu wazungu waliliandika kwenye ramani Mlima Carrow, jina la mtu ambaye hakuwahi kufika hapa. Jina lake la haki tunalo wenyewe. Kampuni ya Rodney Haskett ilikuwa na kibali cha kuzungusha wageni upande wa mashariki, kutoka maegesho ya magari hadi kwenye dimbwi ambalo mtu yeyote anaruhusiwa kufika. Aliyeongoza wageni ni mimi, Janita, na kazi ile niliipenda. Wapo waliosema kwamba nawauza wazee wangu kwa mshahara. Niliwajibu kwamba mgeni mwenye mwenyeji mbele yake hukanyaga panapokanyagika, na asiye na mwenyeji hukanyaga popote. Rodney mwenyewe hakuwa mtu mbaya. Alilipa kwa wakati, na tulipopata msiba mwezi wa sita aliwatumia wafiwa mablanketi, maana majira hayo jangwani asubuhi maji hugeuka barafu ndani ya ndoo.

Msiba ule ulikuwa kilomita mia tatu kutoka kwetu. Baada ya mazishi wanaume wachache walirudi, sisi wanawake tukabaki na wafiwa siku tisa. Niliporudi kazini nilikuta vigingi vyenye utepe wa rangi ya chungwa vimepigwa kuanzia mbele kidogo ya dimbwi, vinaelekea nyuma ya jabali. Rodney aliniambia kwa furaha kwamba kamati ya wenye ardhi imekaa na kukubali njia mpya. Wanaume wanne wamesaini. Mmoja wao alikuwa Selwyn, mtoto wa Shangazi Elva.

Nyuma kule kuna mahali pa wanawake. Zaidi ya hapo sitasema. Wanaume wetu hawajui panaanzia wapi na panaishia wapi, na hawaulizi, kwa kuwa kuuliza kwenyewe ni kukosa adabu. Rodney aliwawekea mezani ramani yenye mstari mwekundu, akawaambia wanawake wameshashauriwa. Nilimuuliza alimshauri mwanamke gani. Akasema mimi. Kumbe alikuwa amenipigia simu nikiwa msibani, watu wanalia nyuma yangu, akanieleza kwamba anataka kuongeza kipande kidogo cha njia, nami nikamjibu tutaongea nikirudi. Hayo ndiyo mashauriano yake.

Nikamwambia kule hatuendi. Aliniuliza kwa nini, tena kwa upole. Alisema nikimwambia kuna nini, atawaeleza waliompa mtaji na pengine watamwelewa.

"Siwezi kukwambia," nikasema.

"Sasa mimi nitawaambia nini?"

"Waambie Janita amesema hapana."

"Hapana siyo sababu, Janita."

Tulibishana hadi akakasirika. Alisema safari ya kwanza ni Jumamosi, wageni kumi na mmoja wameshalipia, na kama siwezi kuwaongoza ataleta mtu kutoka pwani anayeweza. Ndipo nikaenda kwa shangazi jioni ile. Alikuwa anachoma mkia wa kangaruu uani. Alinisikiliza mpaka mwisho, akaugeuza mkia kwenye majivu. Magoti yake yalikuwa yamekwisha. Miaka mitatu hakuwa amefika nyuma ya jabali kwa miguu, na gari haliruhusiwi katika njia ile. Nililala nikifikiri nimempa mzigo asioweza kuubeba. Asubuhi ndiyo akaja na kikombe chake kudai skuta.

Nilimfundisha siku tatu, kwenye uwanja wa mpira karibu na duka. Mara ya kwanza alikwenda moja kwa moja kwenye uzio. Mara ya pili alianguka kwenye kona, akakaa mchangani akijipangusa vumbi jekundu, na wanawake waliokuwa barazani mwa duka wakacheka hadi wakashikana mabega. Aliwaambia wacheke vizuri, wayamalizie meno yale wali­yobakiza, kisha akaniamuru nimwinue. Ijumaa jioni alikuwa anazunguka uwanja mzima bila kugusa chini. Rodney alipomwona alifurahi sana. Alidhani bibi ameipenda biashara. Aliomba ampige picha ya kuweka kwenye tangazo, na shangazi akamjibu asubiri kwanza Jumamosi ipite.

Jumamosi tukaondoka jua likichomoza. Shangazi mbele, amevaa kofia ya sufu chini ya helmeti, anaendesha kwa mwendo wa mtu aliyebeba mayai. Mimi nyuma yake, halafu wageni. Rodney alibaki ofisini na kompyuta yake inayomwonyesha kila mashine ilipo. Tulifika dimbwini, watu wakatazama maji, wakapiga picha zao, yote kama kawaida. Kisha tukafika pale vigingi vinapoanza, njia inapopenya kati ya mawe mawili makubwa. Shangazi akakata usukani, akaikingamisha skuta yake njiani, ikaziba nafasi yote. Akavua helmeti na kuipakata.

Aliniambia kwa lugha yetu niwaambie. Nikawageukia wageni na kuwaambia safari imeishia hapo, mbele hapaendwi.

Palikuwa na mzee mmoja wa kizungu mwenye ndevu, daktari wa meno kama alivyojitambulisha tangu asubuhi. Aliuliza sababu. Nikamwambia siwezi kuitaja. Akasema yeye amelipia safari kamili.

"Umeipata kamili," nikamjibu. "Hiki kipande kingine hakikuwa cha kuuzwa. Aliyekuuzia ameuza kisicho chake."

Nilimpigia Rodney kwa redio ya mkononi na kumweleza hali ilivyo, sikumficha kitu. Mara mashine zetu zote zikalia mlio mmoja na magurudumu yakakaza. Alikuwa amezifunga zote kutoka ofisini, akihofia sijui nini, labda kwamba bibi ataikimbiza skuta porini. Nikajaribu kuisukuma yangu, haikusogea hata kidogo. Shangazi aliuliza ule mlio ni wa nini. Nilipomweleza alicheka mpaka akafuta macho.

"Amenifunga nisiende?" akasema. "Mimi si ndiyo nimekuja kukaa?"

Sasa hata kama tungetaka kumpisha mtu, tusingeweza. Wageni wakakaa juani. Wengine walilalamika, wengine wakaanza kumega mkate waliofungiwa. Mwanamke mmoja alimnyooshea shangazi simu apige picha. Shangazi alimtazama tu, yule mama akairudisha simu mfukoni mwenyewe.

Baada ya kama dakika arobaini Rodney akaja na skuta, na nyuma yake, kwenye nyingine, Selwyn. Alimleta ili amsemeshe mama yake. Lakini Selwyn alisimama kule dimbwini, hatua mia mbili kutoka tulipokuwa. Akashuka. Akavua kofia, akatugeuzia mgongo, akaelekeza uso kwenye tambarare tupu. Hakusogea tena. Rodney hakuliona hilo. Alikuwa ameshatufikia, anahema.

Alianza kwa heshima, nampa haki yake. Alimwita Mama Elva. Alisema hataki ugomvi, anaipenda nchi hii, wanaume wamesaini kwa hiari yao na karatasi ipo.

"Umewauliza wanaume habari za chumba wasichowahi kuingia," shangazi akasema, kwa Kiingereza chake cha polepole ambacho huwa hakitoi kwa kila mtu.

"Basi nipe sababu moja. Moja tu."

"Wewe mtu akitaka kuingia chumbani kwako unapolala, ukamwambia hapana, unamwandikia na barua ya maelezo?"

Wageni kadhaa walicheka. Daktari wa meno hakucheka. Rodney aliiva uso, akageuka na kuita kwa nguvu, "Selwyn! Njoo uongee na mama yako!"

"Siji," Selwyn akajibu bila kugeuka. Hewa ya asubuhi ilikuwa tulivu, kila neno lilitufikia.

"Huji kwa nini?"

"Mama ameshasema."

"Na saini yako?"

"Nilikosea. Uliniambia wameulizwa, nikaona aibu kuhakikisha. Naifuta saini yangu leo leo. Na wewe, Rodney, hapo uliposimama ondoka."

Rodney alimtazama kwa muda mrefu, mtu mzima wa miaka arobaini na tano, mjumbe wa kamati, amesimama kama mtoto aliyeambiwa asigeuke. Nadhani ndipo alipoanza kuelewa kwamba kitu kilichomo nyuma ya mama yule ni kikubwa kuliko alivyokadiria. Lakini kuelewa ni kimoja na kukubali ni kingine. Alifungua mashine kwa simu yake, akamwomba shangazi apishe, na mambo mengine yatazungumzwa mjini, mbele ya wanasheria.

Shangazi akasema hatoki mpaka vigingi vitoke. Rodney akasema vigingi ni mali ya kampuni na haviguswi.

Hapo nikashuka. Sikupanga, miguu ilikwenda yenyewe. Nikapita kati ya mawe, mimi mwanamke ninayeruhusiwa kupita, nikashika kigingi cha kwanza na kukitikisa mpaka kikang'oka. Rodney akaniambia kwamba nikivuta cha pili sina kazi. Nikavuta cha pili. Akasema nikivuta cha tatu ataniandikia barua mbaya, sitaajiriwa na mtu yeyote kutoka hapa hadi mji wa Alice Springs. Nikavuta cha tatu. Cha saba nilimwambia asiikaushe sauti yake bure, vimebaki vingi na mimi sijachoka. Vilikuwa thelathini na kimoja. Nilivibeba kwapani kama kuni, nikaja kuvitua miguuni pake. Viganja vilikuwa vimechubuka, lakini nilimtazama usoni, na aliyeangalia pembeni hakuwa mimi.

Tukarudi. Shangazi aliiendesha skuta hadi bandani, akashuka, akampa Rodney funguo na helmeti, akamwambia kiti chake kinaumiza makalio, atafute kingine. Siku mbili zilizofuata hakuweza kusimama. Nilimkanda magoti kwa mafuta asubuhi na jioni, na kila nilipobonyeza alinitukana.

Barua ya kunifukuza ilikuja Jumatatu. Wiki mbili baadaye kamati ikaitisha kikao kingine, na safari hii wanawake tuliingia kumi na wanne. Karani, kijana wa kizungu mwenye adabu zake, alisikiliza, kisha akauliza kwenye muhtasari aandike sababu gani ya kuifuta njia mpya. Selwyn ndiye aliyemjibu: aandike kwamba wanawake wamesema hapana, aweke nukta. Karani akasema ofisi ya mjini itauliza. Shangazi akamwambia wakiuliza waje, chai ipo. Akaandika hivyo, akaweka nukta. Njia ile haijafunguliwa.

Nisingependa mtu adhani mambo yaliisha kwa vigelegele. Kampuni ipo bado, inazunguka njia ya zamani, na anayeongoza ni kijana kutoka pwani anayesoma maneno kwenye kadi. Mimi naendesha basi la zahanati, nawapeleka wazee kusafishwa damu. Mshahara ni mdogo na barabara inavunja mgongo. Na kwa kuwa njia mpya ilikwama tangu Jumamosi ile, Rodney alianza kupunguza watu hata kabla ya kikao. Wa kwanza kuondolewa alikuwa binamu yangu Marlene, aliyekuwa anasafisha zile skuta na kuzichaji, mwenye watoto watatu na mume asiyeonekana. Alinikuta dukani siku moja, akaniambia mbele ya watu kwamba mimi nimeng'oa vigingi na yeye ndiye aliyekosa mkate, na kwamba ujasiri ni rahisi kwa mtu asiye na watoto.

Sikumjibu vibaya. Nilimwambia ni kweli amekosa kazi, ni kweli chanzo ni mimi, na wakivipigilia tena kesho nitaving'oa tena. Alichukua mfuko wake wa unga akaondoka.

Katika wale wanawake kumi na wanne alikuwemo naye. Kikao kilikuwa siku tatu tu baada ya Rodney kumwachisha. Alikaa mstari wa mbele, mtoto mdogo magotini, na karani alipouliza nani wanaikataa njia ile, mkono wake ulikuwa juu kabla ya wa shangazi. Kisha akambeba mtoto na kutoka bila kunitazama. Hadi leo hanisalimii.