Mbea wa Getini

Mama yake aliita mara moja tu, wakati yeye anafunga mlango. "Mwanangu!" Akajibu huku ufunguo unazunguka, "Nitarudi mchana, mama," akatoka mbio. Kurudi ndani ni kuchelewa, na kuchelewa ni kufukuzwa: tayari alikuwa na maonyo mawili, na makosa yote mawili hakuyatenda yeye.

Kiwandani walimwita Kola, maana kola za mashati yote zilipita mikononi mwake. Hakuwahi kuchelewa hata siku moja. Aliyechelewa ni Kola mwingine, wa ulimwengu wa pili, ule unaokwenda sambamba na huu wetu. Wanasayansi walikuwa wamegundua chembe inayovuka kutoka kule kuja huku, nayo haibebi kitu ila saa: jambo fulani limetokea saa fulani, basi. Wao waliipa jina refu. Wafanyakazi waliiita Mbea.

Lakini binadamu akipewa muujiza, wa kwanza kuukamata ni msimamizi wa zamu. Meneja alinunua mashine ya kunasa hiyo chembe, akaifunga getini, apate kujua mwenzako wa kule ameingia kazini saa ngapi. "Tabia ni ile ile," alisema. "Akichelewa yeye leo, wewe utachelewa kesho." Na wakubwa zake, watu wazima na akili zao, wakampigia makofi.

Asubuhi hiyo Kola aliwahi. Hata kiti hakijapata joto, akaitwa ofisini.

"Mwenzako hajafika," alisema meneja.

"Mimi si nimefika?"

"Hilo sikatai."

"Sasa onyo la nini? Ale yeye, nitapike mimi?"

"Dada, usinipandishie sauti. Mashine haina chuki na mtu. Mpaka sasa hajafika."

"Umeuliza kwa nini?"

"Chembe inaleta saa. Sababu haileti."

"Basi huo ni umbea, si habari!"

Meneja alimsogezea karatasi atie sahihi. Kola alishika kalamu, kisha mkono ukasita. Mpaka sasa? Mara zile mbili mwenzake alichelewa tu, lakini alifika. Kola alijijua vizuri. Homa haikuwahi kumlaza, mvua haikuwahi kumrudisha, na Kola wa kule naye ni Kola. Ni kitu gani kingemzuia mlangoni, na yeye pia ana maonyo yake shingoni? Akaisikia tena ile sauti, "Mwanangu!" Kule nako mama aliita, na mwenzake alirudi ndani.

Aliitupa kalamu akakimbia. Meneja alipiga kelele nyuma yake, hakusikilizwa.

Alimkuta mama sakafuni kando ya kitanda, mdomo umepinda upande mmoja, mkono umelegea, macho yakiutazama mlango. Jirani mwenye gari aliwakimbiza hospitali.

"Ilianza saa ngapi?" daktari aliuliza. "Dawa ya kiharusi inategemea saa, dada. Jaribu kukumbuka."

Kola hakuhitaji kukumbuka. "Nilipokuwa nafunga mlango, alfajiri. Aliniita. Nilimsikia."

Daktari aliitazama saa ya ukutani. "Tutajaribu. Ungemleta wakati ule ule..." Hakumalizia, akaingia ndani haraka.

Baadaye, simu ya Kola iliita koridoni. Alikuwa meneja.

"Umeacha kazi bila ruhusa. Na mwenzako naye hajatokea kabisa. Niwaandikeje nyinyi wawili?"

Kola alichungulia mlangoni. Mama yake alikuwa anamtafuta kwa macho. Kinywa kilichomwita asubuhi kilihangaika kumwita tena, kisitoe neno. Hasira ilimpanda, hasira ya mashine, ya meneja na ya miguu yake mwenyewe iliyokimbilia getini.

"Yeye mwandike hakuja," alisema. "Mimi niandike niliwahi. Andika kwa herufi kubwa, meneja, na uibandike pale getini kila mtu aione. Mimi niliwahi."