Uso wa Kilima Sikulu

Asubuhi ya Jumatano moja, Februari mwaka wa 2004, Nekesa alikuwa ameketi mlangoni mwa jiko lake akipepeta maharagwe wakati Kilima Sikulu kilipogeuka. Kilianza kama saa tatu hivi, na watoto wa shule waliporudi kwa chakula cha mchana kilikuwa kimeshatulia. Hakikutoa sauti wala hakikutikisa sufuria. Kilijizungusha polepole, jinsi ng'ombe anavyojigeuza zizini akitafuta upande mzuri wa kulalia, na ule mgongo wa mawe ambao Nekesa alikuwa ameutazama kwa miaka sita ukaenda zake upande wa pili. Mahali pake ukaja uso: chemchemi, udongo mweusi, sukumawiki na miparachichi tisa. Kwenye mparachichi wa mwisho alikuwa amefungwa mbuzi wa Peris, mke mwenzake, naye alifika huku akiendelea kutafuna.

Nekesa alimtazama mbuzi kwanza, hata kabla ya chemchemi. Alikuwa mnono kuliko mbuzi wake wote watatu, na jambo hilo lilimuuma.

Sikulu kiko nje kidogo ya Naitiri, na si kilima kirefu. Mwenye mtungi kichwani hukizunguka kwa dakika arobaini. Nyumba ziko chini kwenye tambarare, mashamba yako juu ya mteremko, kwa hiyo siku hiyo nyumba zilibaki zilipo na mashamba yakahama. Watu wa huko hawasumbuki na mashariki wala magharibi. Husema usoni au mgongoni, na mgeni akiuliza njia huelekezwa hivyo hivyo mpaka akafika.

Nekesa alipoolewa na Mwalimu Mukhwana, mwaka wa 1973, kilima chote kilikuwa cha jembe lake. Chemchemi ilikuwa tope la kunyweshea ng'ombe. Ni yeye aliyeichimba akiwa na mimba ya Nafula, akaizungushia mawe, kisha akapanda miparachichi kwa kokwa alizotoka nazo kwa mama yake, Kibabii. Ukiona vyaelea, vimeundwa. Mwaka wa 1998 Mukhwana alistaafu ualimu na kumwoa Peris, aliyekuwa na umri wa miaka ishirini na sita. Kanisani walimwondoa kwenye kamati ya ujenzi, naye akasema afadhali, mikutano ilikuwa imemchosha.

Lakini mkutano mmoja aliuitisha mwenyewe. Liguru Wekoye, mzee wa kijiji, alikuja na daftari lake, wazee wengine wanne wakaja na njaa zao, na Nekesa akawachinjia kuku wawili bila kujua wanakuja kujadili nini. Walipomaliza kunawa mikono, liguru aliandika mistari miwili. Nekesa, mgongo wa kilima. Peris, uso wa kilima. Mukhwana alieleza kwamba Peris alihitaji maji karibu kwa sababu ya watoto wadogo, ingawa wakati huo watoto hao walikuwa hawajazaliwa. Hakuna aliyeona haja ya kutaja mkonge wa mpakani wala kupigilia kigingi, kwa kuwa kilima ni kilima.

Tangu hapo Nekesa alikizunguka kilima kila siku kwenda kuteka maji aliyoyachimba mwenyewe. Wivu ulimla, na hakujisumbua kuuficha. Alijua ni siku gani Peris amekaanga vitunguu na siku gani amepika kwa mafuta ya ng'ombe. Alijua shati la Mukhwana likianikwa kwenye kamba ya Peris, na alijua limefuliwa vibaya kwenye kola. Kipya kinyemi ingawa kidonda, alikuwa akisema, lakini hiki kidonda kilikuwa na sakafu ya simiti na dirisha la kioo. Mukhwana alimtembelea mkewe wa kwanza siku za Jumamosi tu, kula ugali wa wimbi, kwa sababu Peris hakujua kuusonga.

Basi siku hiyo ya Februari Nekesa alimfungua mbuzi, akampa maji, akamfunga kwake mpaka jioni ili apate kumtazama vizuri. Kesho yake alifua kila kitu, hata blanketi ambazo hazikuwa chafu, akazianika mahali ambapo zingeonekana.

Peris alikuja saa nne, mtungi mkononi na mtoto mgongoni.

"Mulembe, Mama Mkubwa," alisema. "Naomba maji."

Nekesa alimwambia asubiri kidogo. Hapakuwa na foleni. Peris alisimama pale akisubiri, mtoto akilia, na Nekesa akaendelea kusuuza kikombe kimoja mpaka kikang'aa. Ilikuwa nusu saa tamu kuliko zote alizopata tangu ndoa ile ya pili.

Ijumaa Mukhwana alikuja na redio, kiti chake cha kukunja na blanketi. Aliuchunguza mteremko, akasema alifundisha jiografia miaka ishirini na tisa na kwamba kilima hiki kimegeuka. Alikula ugali wa wimbi, akalala. Usiku wa pili alilala tena. Nekesa, mwenye miaka hamsini na mbili, alijipaka mafuta ya nazi na kujiambia kwamba mwanamume huyu amerudi nyumbani. Furaha yake ilimfanya hata ampelekee Peris maparachichi, yale yaliyopondeka kidogo.

Jumapili baada ya ibada liguru Wekoye alifika na daftari. Wazee walikuwa walewale, kasoro mmoja aliyefariki. Mukhwana alimwomba asome, na liguru akavaa miwani.

"Hapa imeandikwa, uso wa kirima ni ya Peris," alisema. "Haijaandikwa ati uso ikae wapi."

Nekesa alimgeukia mumewe. "Baba Nafula, hii maji si nilichimba mimi?"

"Ulichimba, Mama Nafula. Hakuna anayekataa," Mukhwana alijibu kwa sauti ya mtu anayesahihisha hesabu. "Lakini lililoandikwa limeandikwa. Peris anafuata uso, wewe unafuata mgongo."

Ndipo alipoelewa kwamba redio na blanketi havikuja kwake. Vilikuja kwa chemchemi, na yeye alikuwa tu nyumba iliyo karibu nayo. Aliona aibu kwa yale mafuta ya nazi, halafu wivu ukarudi mahali pake pa kawaida, chini ya titi la kushoto.

Walibadilishana nyumba Jumatatu. Kwa desturi ya hapo mwanamke hahami bila mafiga yake, kwa sababu ukipikia mafiga ya mwenzako unarithi ugomvi wake. Nekesa aliumwagia moto wake maji, akayangoja mafiga yapoe, akayabeba moja moja kichwani, safari tatu. Alijifariji kwa sakafu ya simiti. Alipofika na figa la tatu alimkuta Mukhwana na bisibisi, aking'oa dirisha la kioo ampelekee Peris.

Sakafu ilibaki, maana haing'oleki.

Agosti, mahindi yakikauka, Kilima Sikulu kilijizungusha tena. Kilimfuata Nekesa alikokuwa, kikaiweka chemchemi mbele ya mlango wake, na Jumapili iliyofuata liguru alikuja na daftari. Mwaka wa 2005 kiligeuka mara mbili, na mwaka wa 2006 mara tatu. Watu walizoea. Shuleni mwalimu mpya alichora ramani ya kijiji kwa penseli. Nyaguthii, mama mmoja kutoka Matisi aliyekuja kila Alhamisi kununua maparachichi ya kuuza Kitale, aliuliza kwanza barabarani uso uko wapi wiki hiyo, na akielekezwa alikwenda kwa Peris. Hakuna aliyependekeza kufuta mistari miwili ya liguru. Lilikuwa daftari zuri, lenye jalada gumu.

Alhamisi moja ya mwaka wa 2007 Nyaguthii aliwahi kuliko wazee. Kilima kilikuwa kimegeuka Jumanne, na alimkuta Nekesa ameketi kwenye mawe ya chemchemi, miguu ndani ya maji.

"Hii kilima inakupenda, mama," alisema Nyaguthii. "Kila saa inakutafuta."

"Inanipenda," Nekesa alikubali. "Lakini haikukuwa kwa mkutano."

Alimwuzia maparachichi ya mti mmoja, haraka, kabla hayajawa ya Peris. Kisha akajaza mitungi yote aliyokuwa nayo na kuumwagia moto maji. Hakungoja Jumapili wala liguru. Mafiga yalipopoa alijitwika la kwanza na kuishika njia inayozunguka kilima.

Katikati ya njia alikutana na Peris akija, mtoto wa tatu mgongoni. Peris alikuwa amekonda. Alisimama, akasalimu, akasema kwa sauti ya chini, "Mama Mkubwa, hata mimi hii kuhama imenichosha." Nekesa alimsikia na alijua ni kweli. Alikaribia kumhurumia. Angemhurumia, lakini macho yake yalikuwa yameshaona mikono mitupu ya Peris na, nyuma ya bega lake, Mukhwana akihema, akisukuma wilbaro yenye mafiga matatu ya Peris na dirisha la kioo lililofungwa ndani ya blanketi.

Njia ilikuwa nyembamba. Nekesa, figa kichwani, alisogea pembeni kwenye nyasi ili wilbaro ipite.