Maji ya Mbodze

Kila Jumamosi asubuhi mimi ndiye ninayefagia kanisa letu, kwa sababu ufunguo unakaa kwangu. Ni kanisa dogo la mabati, ukitoka Munje ukaelekea bara mwendo wa nusu saa kwa miguu. Nyuma yake kuna makaburi sita, na la sita ni la binti yangu Mbodze. Sisi hatuna shamba. La marehemu mume wangu lilichukuliwa na ndugu zake, nami nikanyamaza. Mbodze alipofariki, wazee wa kanisa ndio walionipa mahali pa kumlaza. Mzee Tsofa, kiongozi wao, akanionyesha nafasi iliyobaki ubavuni pake akasema, "Na hapa ni pako, mama. Usihangaike tena." Neno lile lilinituliza kuliko mahubiri yote ya siku ile.

Mbodze alifia hospitali. Alikuwa apasuliwe tumbo, na wauguzi wakasema asinywe kitu. Aliniomba maji tangu alfajiri mpaka saa sita mchana. Chupa ilikuwa mkobani mwangu. Mimi nilisoma mpaka darasa la tatu tu, na nilichokishika huko ni kwamba mkubwa akisema, wewe unafuata. Nikafuata. Walipokuja kumchukua alikuwa ameshakata roho, midomo imemkauka hata imepasuka.

Kwetu sisi, marehemu akikujia ndotoni anadai kitu, huna raha mpaka umpelekee. Yuko anayedai nguo, yuko anayedai uji. Mbodze alinijia mara tatu, na sina haja ya kueleza alidai nini. Tangu hapo, kila Jumamosi kabla sijashika ufagio, humpelekea kata moja ya maji, nikamwaga pale kichwani pake, nikazungumza naye kidogo. Kanisani jambo hilo huitwa kutambika, na anayetambika haikaribii Meza ya Bwana, wala hazikwi pale nyuma. Nilikuwa nikilijua hilo. Ndiyo maana nilifanya kwa siri. Aliyejua ni mjukuu wangu Kadzo peke yake, mtoto wa huyo Mbodze, maana ndiye aliyekuwa akinichotea.

Kadzo alikuwa na miaka kumi na mmoja na maswali yasiyokwisha. Shule yao imejengwa katika ardhi ya kanisa, kwa hiyo wazee wana sauti juu ya anayefundisha dini. Kipindi hicho kikifika, watoto wa Kiislamu huenda kwa ustadhi wao barazani, na wetu kumi na wanne hubaki darasani. Miaka yote walikuwa wakisimama mikono nyuma, wakikariri Amri Kumi, na anayekosea hupiga magoti mpaka kengele. Kisha akaja Mwalimu Judy, msichana wa bara, Kiswahili chake nusu Kiingereza. Akawakalisha duara, na yeye mwenyewe akakaa sakafuni pamoja nao, sketi na yote. Akawaambia hakuna swali lililo dhambi.

Siku moja Kadzo akarudi akaniambia mwalimu amesema wasiogope kumuuliza Mungu kwa nini.

"Haya, muulize," nikamwambia. "Na akikujibu, uje unambie na mimi."

Akacheka sana.

Muhula wa pili wakafika kwenye somo la msiba. Mwalimu Judy hakuwaandikia kitu ubaoni. Aliwataka kila mmoja aeleze kwao wanafanya nini mtu akifa, na wanaobaki hufarijiwa vipi. Mtoto mmoja akataja kuimba, mwengine akataja kunyoa nywele. Kadzo akasimama akasema, "Bibi humpa mama maji, kwa sababu alikufa na kiu."

Hakuna aliyecheka. Mwalimu akawauliza, mnadhani Mungu akimtazama bibi huyo anaona nini? Mmoja akajibu anaona dhambi. Mwengine akajibu anaona mama. Mwalimu hakusema nani amepata na nani amekosa, akawaacha wabishane mpaka muda ukaisha.

Haya yote alinihadithia Kadzo mwenyewe jioni ile nikiwa nimekalia mbuzi, nakuna nazi. Uso wake ulikuwa ukimeremeta.

"Bibi, nilisema mimi, na wote wakanisikiliza."

Sikumgombeza. Niliendelea kukuna mpaka kifuu kikabaki kitupu, na bado nikawa nakuna.

Mmoja wa wale kumi na wanne ni mjukuu wa Mzee Tsofa. Jumapili, baada ya ibada, mzee akaja kwangu na wenzake wawili. Nikawatandikia mkeka. Mzee Tsofa si mtu mbaya, na sitaki adhaniwe hivyo. Alimpenda mume wangu, na jeneza la Mbodze alilibeba. Aliuliza hali, akauliza kuku, akanywa chai yake yote, ndipo akasema.

"Mama Mbodze, mimi sikuja kukuhukumu. Jumatano kuna kikao shuleni juu ya huyu mwalimu, na wewe utaulizwa neno moja tu. Ukisema mtoto ameyatunga, yamekwisha. Ukisema ni kweli, ile nafasi siwezi tena kukuwekea."

Nikamuuliza mwalimu atafanywaje. Akasema hayo ni mambo ya wakubwa, nisijitie.

Jirani yangu Bi Hanifa, aliyekuwa amesikia yote kupitia ua, akanijia walipoondoka. "Nyinyi Wakristo wenyewe hamjai hata kwenye mkeka mmoja," akasema, "na bado mwatafutana makosa? Mngekuwa wengi kama sisi ingekuwaje?" Nikacheka. Sikucheka tena wiki ile.

Jumanne Mwalimu Judy akapiga hodi, akaniamkia shikamoo kwa adabu, akakataa kiti. Aliomba radhi. Alisema ilimpasa aje kwangu kwanza, kabla ya kuwaacha watoto wayatoe ya nyumbani. Alikuwa akitaka wajue kwamba machozi yao nayo ni somo, si yale ya kitabuni peke yake. Nikamwambia nimesikia. Alipofika mlangoni akageuka.

"Bibi, mimi ni mgeni, nitapata kazi kwengine. Mimi usinitetee. Lakini usiwaambie watu kwamba Kadzo ni muongo."

Usiku ule na asubuhi yake niliwaza jambo moja tu. Niliwaza nitalazwa wapi. Labda pembeni ya barabara, pamoja na wasio na wenyewe, na Mbodze abaki peke yake kule nyuma, mimi niliyemnyima maji nikiwa mbali naye tena, safari hii milele.

Kikao kilikuwa katika darasa la saba. Mwalimu mkuu mezani, wazee ukutani, wazazi kwenye madawati ya watoto, magoti juu. Mwalimu Judy alieleza kazi yake kwa sauti ya chini. Alisema hakumtia mtoto yeyote maneno kinywani. Kadzo akaitwa akasimamishwa mbele, sare yake nimeifua mimi mwenyewe. Kisha mwalimu mkuu akanigeukia akaniuliza kama yaliyosemwa yako nyumbani kwangu au hayako.

Nikasimama. Nikasema, "Mtoto huyu amefiwa na mama mapema. Huota. Jambo hilo halipo."

Kadzo alinitazama. Nilidhani atalia, au atapaza sauti aseme bibi ni muongo. Haki ya Mungu, nilikuwa namuombea aseme. Badala yake akarudisha mikono nyuma, akanyoosha shingo.

"Ni kweli," akasema. "Niliota."

Wazee wakapumua. Mwalimu Judy akainama, akakusanya karatasi zake moja moja.

Ikaandikwa kwamba amewalisha watoto maneno ya kishirikina. Kabla ya mwezi kwisha alikuwa ameondoka. Wanasema yuko upande wa Matuga, sijui shule gani. Aliyekuja badala yake ni mpole, hapigi, lakini watoto wamerudi kusimama. Mtihani ulipokuja Kadzo alipata tisini na nane katika dini, wa kwanza shule nzima. Mzee Tsofa akamwita mbele ya kanisa akampa daftari kubwa na kalamu mbili, watu wakapiga makofi, na mimi nikapiga.

Hanichotei tena maji. Sikumkataza, aliacha mwenyewe, nami siku hizi huchota na kubeba peke yangu. Kumwaga humwaga, ila mazungumzo yamenishinda. Nikimaliza hubaki nimeinama pale juu ya Mbodze, na kila ninachotaka kumwambia kinamhusu mwanawe.

Juzi nilimkalisha Kadzo katikati ya miguu yangu nimfumue nywele. Nikaona hapo ndipo, kwa kuwa hatutazamani. Nikamweleza habari ya ile chupa mkobani, ambayo sijamweleza mtu. Nikamwambia siku ile ya kikao muongo alikuwa mimi, na alilolisema yeye ni kweli tupu. Nikamwambia aniulize lolote, hata kwa nini, hata kama litaniumiza, nitamjibu.

Nilifumua mistari miwili.

"Bibi," akasema, "niambie tu wewe unataka niseme nini, nami nitasema hivyohivyo."

Nikamwambia sitaki aseme kitu. Akaitikia ndiyo, bibi, akainamisha kichwa ili nifikie nywele za kisogoni, akatulia vizuri bila kutikisika mpaka nikamaliza.