Sauti Yangu Buchani

Nilikuwa napiga pasi mashati ya watu siku Jua Dogo lilipokatiza mbele ya Jua Kubwa. Tangu enzi za mababu, Jua Dogo lilikuwa likipita nyuma ya mwenzake kwa adabu zake. Siku ile, mchana kweupe, likapita mbele. Mwanga ukawa wa kijani, kila kitu cha bati kikaanza kuvuma, na pasi ikanitetemekea mkononi. Nikafungua kinywa kumwita mume wangu, hakikutoka kitu. Mtaa mzima ulikuwa bubu.

Lilipomaliza kupita, sauti zilirudi, ila zilirudi ovyo ovyo. Nilimuuliza mume wangu kama yu mzima, na iliyouliza ilikuwa sauti ya babu mwenye kikohozi. Yeye ni mwashi, mabega yanajaza mlango, na akanijibu kwa kisauti cha msichana wa shule. Tungecheka mpaka tuanguke, lakini mtoto alikuwa ameanza kulia.

Watoto wachanga peke yao walibaki na vilio vyao. Binti yetu alikuwa hata shingo haijakaza. Sasa, mimi nina mdomo, sikatai. Tangu azaliwe nilimnyonyesha huku nikimpigia soga: bei ya sabuni, kola zilizogoma kutakata, jirani na maringo yake. Siku ile nilipomweka kifuani na kuanza maneno, alishtuka, akaachia titi, akalia mpaka akaishiwa pumzi. Nikinyamaza, hanyonyi pia. Alikuwa anageuza kichwa huku na huku, ananitafuta, na mimi ndiye nimembeba. Hilo liliniuma kuliko uchungu wa kumzaa.

Mkunga alikuja, akambinya mapaja yaliyoanza kulegea. "Mama, huyu asiponyonya tutampoteza," akasema, kwa sauti nene ya kiume. "Itafute sauti yako. Lazima iko kwa mtu."

Niitafute wapi? Mji mzima ulikuwa umefunga midomo kwa aibu. Watu walinunua hata chumvi kwa kunyoosha vidole. Nilizunguka sokoni na kisimani, mtoto mgongoni, nimetega sikio, sikuambulia kitu.

Ndipo nikapita mbele ya bucha. Mwenye bucha tulimwita Tani, kwa sababu ya ukubwa wa mwili wake. Alikuwa anakata mbavu kwenye gogo, kimya, mara mbwa akaruka na kunyakua pande la nyama.

"Wewe! Mwizi mkubwa! Rudisha hapa, mshenzi wewe!"

Ilikuwa sauti yangu. Hata ile hasira ilikuwa yangu. Mtoto mgongoni akaacha kulia.

Wateja wakaangua kicheko. Tani akainamia gogo lake, uso umemshuka. Nikamfuata hukohuko nyuma ya kaunta, kwenye unga wa mbao uliomwagwa sakafuni kunyonya damu.

"Kaka, hiyo sauti ni yangu," nikasema kwa kikohozi changu cha kibabu. "Mwanangu hanyonyi bila hiyo. Nakuomba uongee naye."

Akatikisa kichwa.

"Neno moja tu."

Akamtazama mtoto, midomo yake ilivyokauka. "Dada, siwezi," akanong'ona. "Watu hawa watanicheka mpaka nihame."

Ulikuwa mnong'ono tu, lakini binti yangu akaanza kunyonya hewa. Nikaketi palepale juu ya kreti, nikamfungua mgongoni, nikajifunika mtandio. "Ongea, kaka. Chochote."

"Chochote nini? Hata nyimbo sijui."

"Una nyama hapo."

Akaelekeza kisu kwenye nyama. "Hili ni paja," akaanza. "Hili bega. Hii shingo, nzuri kwa mchuzi, ila ina mifupa. Maini yameisha tangu asubuhi..."

Mtoto akashika titi. Maziwa na machozi vilinitoka pamoja. Waliokuwa wanacheka walinyamaza mmoja mmoja, na mwingine akavua kofia, sijui kwa nini. Tani alimtaja ng'ombe mzima, kichwa hadi mkia, na alipomaliza akahamia kwa mbuzi.

Siku za mwanzo alilala sebuleni kwetu. Baadaye nikawa nampelekea mtoto buchani mchana, na jioni yeye anakuja kwetu, amenawa mpaka viwiko na bado ananuka mafuta. Mume wangu alitundika pazia, mimi nikanyonyesha upande huu, Tani akiongea upande ule, juu ya kigoda kilicholia kila alipojigeuza. Mtaani wakamwita Mama Tani. Akalimeza jina hilo. Nilipomuuliza kama hachoki, alisema, "Dada, mimi naishi peke yangu. Tangu nizaliwe hakuna aliyetulia kwa kunisikia."

Majua yalirudia njia yao, sauti hazikurudi kwa wenyewe, na watu wakazoea. Mtoto alinenepa, akakaa, akatambaa. Nami wivu ukanishika, tena mkali. Nimemzaa mimi, nepi nafua mimi, halafu anayemtuliza ni mtu na shoka lake! Nilikuwa najua kuna siku itafika, na nilikuwa naiogopa.

Ikafika buchani, mbele ya watu. Binti yangu alikuwa amesimama ameshika goti langu.

"Mama," akaita. Neno lake la kwanza.

Nikainama niitike. Hakuwa ananitazama mimi. Alikuwa anamtazama Tani.

Tani aliganda, kisu kikiwa hewani, akaniangalia kama mtu aliyefumaniwa. Hasira ilinipanda. Kisha nikayatazama mapaja yale yaliyokuwa yamelegea, sasa yamejaa mikunjo ya unono, na sikuona wa kumkasirikia.

"Itika, kaka," nikamwambia. "Mtoto anaita."

Akaweka kisu chini, akafuta mikono kwenye aproni, akachuchumaa na mwili wake wote.

"Abee, mwanangu," akaitika.

Sijawahi kuisikia sauti yangu ikiwa nzuri namna ile, na nilishukuru kwa moyo wangu wote kwamba katika mji mzima ilimwangukia yeye.