Havyarimana, Mstari wa Pili

...kwa sababu mkanda wa video hausimamishwi, hilo nimewaambia wote waliowahi kukaa sebuleni hapa, ukisimamisha picha utepe unatulia lakini kichwa cha deki hakitulii, kinazunguka na kusugua palepale, na leo mimi mwenyewe nimebonyeza, kidole kiko bado kwenye kitufe, picha inatetemeka kama maji kwenye beseni, na Claudine amepiga magoti mbele ya televisheni, dumu la maziwa aliloniletea ameliacha mlangoni... alisema "Mawe!", nikadhani amejikwaa kizingitini, watu wa huku Kasulu wakijikwaa husema hivyo, wakiungua, wakitajiwa bei ya sukari, mawe, mawe, miaka arobaini na miwili tangu nihamishiwe huku kutoka Mbinga kufundisha nimelisikia kila siku hata nikasahau kwamba maana yake ni mama yangu, basi, mama yangu, "Simamisha hapo, Mwalimu, simamisha!", nikasimamisha, mimi niliyekuwa nauzungusha tu mkanda usishikwe na ukungu, kama ninavyoizungusha yote mara moja kwa mwaka... mikanda mia mbili na kumi na miwili, kipaimara cha Kibondo, mashindano ya kwaya, mchezo wa kuigiza juu ya choo cha shimo, kazi zilizonakiliwa thelathini, arobaini, zikauzwa sokoni mkono kwa mkono, kisha zikaja sidii na watu wakafumua tepe wakazitandaza mashambani kutishia ndege, nami nikawa naokota, na huu niliuokota Manyovu, mbadilisha fedha mmoja ameutia chini ya mguu wa meza isiyumbe, kwaya ya kambini, ya wakimbizi wa ng'ambo ya mpaka, mwaka 1996, kambi yenyewe imekwisha kufungwa, na kwenye jalada majina kumi na mawili, bila Bwana, bila Bibi, nikayapanga daftarini nyuso kwa majina, na Havyarimana nikampa yule mrefu mwenye tai, kwa nini, kwa sababu niliwafundisha akina Havyarimana watatu na wote walikuwa wavulana, nikaandika Bw., kwa wino... na huyu mwanamke wa mstari wa pili, wa tatu kutoka kushoto, kitenge cha njano, nikaandika hajulikani, mimi niliyemrudishia mwanafunzi karatasi kwa kukosea herufi moja ya jina lake, nikaandika hajulikani, na mwaka jana Claudine aliniuliza, amesimama palepale mlangoni, "Mwalimu, katika mikanda yako hakuna kwaya yenye Havyarimana? Mama alikuwa anaimba, alifia kambini nina miaka minne, sina picha yake hata moja," nami bila kuinua macho, "Havyarimana yupo, ila ni mwanamume," "Haya, basi si yeye," akachukua dumu lake akaenda, mwaka mzima, na jina lile kwao halina ume wala uke, ni sentensi nzima, Mungu ndiye azaaye... "Una hakika, binti yangu?" nimemwuliza sasa, swali la kipumbavu, "Mwanya ule, Mwalimu, nilikuwa nautia kidole, nakumbuka, ananing'ata kidogo halafu anacheka," na kweli mdomo uko wazi, yuko katikati ya neno, nusu yake imetoka mwaka 1996 na nusu bado iko kinywani, na Claudine ameanza kucheka huku machozi yanamfika kidevuni, "Mbona ni kasichana hivi! Nimemzidi umri, Mwalimu! Angeingia hapa sasa hivi angeniamkia mimi shikamoo," na mimi sicheki, nina miaka sabini na minne, nimezika mke na ndugu wanne, na sijawahi kuona kitu kama hiki, mama aliye mdogo kuliko mwanawe wanatazamana ndani ya chumba kimoja, na mtoto ndiye anayemwonea mama huruma... dakika tatu zimepita, ikifika ya tano deki itaachia yenyewe, imetengenezwa hivyo kuuhurumia utepe, na pengine ina akili kuliko mimi, nakala nyingine haipo, nimeitafuta mpaka Rungwe Mpya, haipo, kesho nitampelekea Venanti wa studio mkanda huu auhamishie kwenye sidii, mimi ambaye mkanda wangu haujawahi kuvuka kizingiti, kama utepe utaifikia kesho... mstari mweupe umetokea, kwenye kitenge kwanza, sasa unapanda, hiyo ndiyo rangi yenyewe inabanduka, naujua, na zamani ningekwisha kuuchomoa na kuurudisha kabatini, mzima, na jina la mtu mwingine, nilidhani nilikuwa natunza, kumbe nilikuwa nimewafungia watu ndani wakingoja aje mmoja anayewajua, na amekuja, ananukia maziwa na moshi wa kuni, ameweka kidole kwenye kioo, kwenye ule mwanya... "Mwalimu," amesema bila kugeuka, "huo mstari, mkanda unaharibika?", "Unaharibika," nimemwambia, na kidole sikiondoi, "wewe mtazame."