Midomo ya Kuruthum

Kaltham aliacha kusikia akiwa na miaka tisa, Unguja, baada ya homa kali iliyomlaza kwa wiki nyingi. Sauti ziliondoka, Kiswahili kikabaki. Alijifunza kukisoma midomoni mwa mama yake, kisha midomoni mwa majirani, mpaka akawa anafuata mazungumzo ya watu waliokaa baraza ya upande wa pili wa njia. Familia ilipohamia Oman na kutulia Ibra alikwishakuwa msichana mkubwa, na midomo ya Kiarabu ilimshinda. Watoto wa ndugu zake walizaliwa, wakakua, wakazungumza Kiarabu, na kila mwaka watu anaowaelewa walizidi kupungua. Sasa ana miaka sabini, anakaa kwa kaka yake Muntasir, na mbali ya huyo hana wa kuzungumza naye kwa raha ila wanawake wachache wa umri wake anaokutana nao soko la wanawake siku za Jumatano.

Wiam, mjukuu wa Muntasir, anasoma mambo ya picha na filamu katika chuo kimoja Nizwa. Kiswahili chake ni cha kuokoteza. Husema "kitu yangu" na "watu ile", na Kaltham humrekebisha kila mara. Mwaka jana mwalimu wao aliwaonyesha vipande vya filamu za Bombay za zamani sana, kabla filamu hazijawa na sauti. Katika kipande kimoja alikuwemo mwanamke aliyecheza kijakazi wa malkia, na kwenye maelezo ameandikwa "Kulsum wa Zanzibar", basi. Wiam alimtazama akaona kidevu cha Bibi Kaltham.

Ukoo wao ulikuwa na Kuruthum mmoja, jina ambalo Wahindi hulitamka Kulsum, bibi yao Muntasir na Kaltham, mama wa mama yao. Habari zake zilikuwa fupi. Alikwenda Bombay na mumewe, mfanyabiashara wa tende, akamwacha Unguja binti yake mdogo, Fatma. Mume akafia huko. Kuruthum hakurudi mpaka Fatma alipokuwa msichana wa kusoma msahafu, na alipoulizwa alikuwa akifanya nini miaka yote hiyo, alijibu kwamba alikuwa akishona nguo. Fatma hakumsamehe. Hata alipozeeka mwenyewe, hapo Ibra, alikuwa akisema, "Mama yangu alinisahau," na Muntasir, mwanawe wa kwanza, akalipokea neno hilo na kukaa nalo.

Wiam aliwaandikia watu wa jumba linalohifadhi filamu ile, nao wakamweleza walichokijua. Kulsum aliajiriwa kwanza kushona mavazi ya waigizaji. Siku moja mwigizaji aliyekuwa acheze mjane hakutokea, na Kulsum akavalishwa nguo aliyoishona mwenyewe. Tangu hapo akawa anaitwa. Alicheza kijakazi, mkunga, mama wa jambazi, na mjane tena na tena, na mara nyingi hata jina lake halikuandikwa. Zilipoingia filamu za sauti kazi ikamwishia, kwa sababu Kihindi chake kilikuwa na lafudhi ambayo haikutakiwa.

Ijumaa moja, baada ya chakula cha mchana, Wiam aliiweka filamu kwenye televisheni ya sebuleni. Muntasir hakupendezwa. Alisema haoni fahari ya bibi yake kuchezacheza mbele ya wanaume wa kigeni, na mambo kama hayo watu huyaacha yalale. Lakini hakuinuka.

Malkia alitokea na kijakazi wake nyuma, ameshika upepeo. Kijakazi aliinama kwa adabu, akasema maneno. Kaltham akaanza kucheka.

"Anamwambia, 'Sogea, unanikanyaga,'" alisema kwa sauti yake kubwa asiyoisikia. "Kwa Kiswahili. Anamwambia malkia."

Wiam alielewa kabla ya babu yake. Katika filamu zile hapakuwa na wa kumsikia mwigizaji, kwa hiyo kila mmoja aliweza kusema alitakalo maadamu uso umekaa sawasawa. Wiam akaiacha filamu iendelee, na Kaltham akawa anasoma. Kwa maandishi ya filamu kijakazi alimwombea malkia maisha marefu, huku midomo yake ikisema kwamba njaa inamuuma na kilemba kinambana. Wiam alicheka mpaka akafuta machozi. Muntasir naye alitabasamu kidogo, kisha akajizuia.

Mwisho wa kipande kile kijakazi alipewa kichanga cha malkia akimbie nacho. Alikiinamia akalia. Kaltham aliacha kusoma, na Wiam akamgusa mkono kumuuliza kijakazi anasema nini.

"Anasema, 'Fatma, mwanangu, nani anakusuka nywele?'"

Muntasir alitikisa kichwa. Alimwambia dadake, taratibu, midomo imwelekee, kwamba labda anaona analotamani kuliona. Kaltham hakukasirika. Alimvuta mkono wakaketi chini karibu na televisheni, akamwonyesha: hapa meno ya juu yanagusa mdomo wa chini, hapa midomo inafungana. Wiam akairudisha. Mara ya kwanza Muntasir hakuona kitu. Mara ya pili midomo yake mwenyewe ilikwenda pamoja na ya mwanamke yule.

"Fatma," alisema.

Aliugusa kwa kidole uso ule kwenye kioo. Halafu akamgeukia dada yake. "Mama amekufa hakulijua hili."

"Hakulijua," alisema Kaltham. "Lakini wewe na mimi tunalijua, na huyu mtoto analijua."

Muntasir ndiye aliyemwambia Wiam awapelekee wale watu jina kamili: Kuruthum binti Himid, mama yake Fatma. Mwezi uliofuata alivaa kilemba chake cha Idi akaendesha gari mwenyewe mpaka Nizwa, Kaltham pembeni yake, kwani chuo kilitaka kuionyesha filamu ikiwa na maneno ya Kuruthum yameandikwa kwa chini, kwa Kiswahili na Kiarabu. Vijana walicheka palepale Kaltham alipocheka, na kwenye kichanga ukumbi ulitulia. Baadaye wasichana watatu, wajukuu wa waliotoka Unguja na Pemba, walimwamkia shikamoo, wakamwomba awafundishe Kiswahili. Aliwasoma midomo, akawarekebisha kabla hata ya kuitikia.

Tangu hapo imepatikana filamu nyingine, ile ya jambazi, na Wiam ameileta Ibra. Hii ni ngumu. Kuruthum amesimama mbali, na nusu ya wakati ameipa kamera mgongo. Kaltham hukaa nayo kila asubuhi akishamaliza kunywa kahawa, amesogeza kiti mpaka pua yake inakaribia kioo.

"Geuka basi, bibi," humwambia. "Geuka nikuone."